Simu Kongwe na Mfumo wa Kupandikizwa

Faili la APK ni kifurushi kinachobeba programu nzima ya simu ya Android: msimbo, picha, maneno ya kwenye vitufe, tamko la mahitaji yake na sahihi ya aliyeitengeneza. Kwa ndani ni faili la zip lenye jina jingine, na likifunguliwa kwenye kompyuta hutoa mafolda ya kawaida ambayo hayamwambii kitu mtu asiye mtaalamu. Simu inapolipokea hufanya kama kondakta wa basi la Ifakara aliyekabidhiwa mzigo stendi ya Msamvu: husoma kwanza maandishi ya juu, na yasiposomeka mzigo hubaki chini, basi huondoka, na mwenye mzigo haambiwi sababu.

Ukaguzi wenyewe una maswali machache. Faili limefika zima au limekatika njiani? Mfumo endeshi wa simu umefikia toleo linalotakiwa? Msimbo umeandikwa kwa ajili ya chipu ya aina iliyomo? Kama programu ya jina hilo tayari imo, je, sahihi ya mpya inalingana na ya zamani? Na nafasi, ipo? Hapana moja inatosha kusimamisha kazi, na hapo kioo huandika kwamba programu haikuwekwa, au kwamba kifurushi kimeshindikana kuchanganuliwa. Android za zamani zikishasema hivyo hujiona zimeeleza vya kutosha. Sehemu kubwa ya kazi ya fundi simu Ifakara ni kukisia ni hapana ipi iliyotamkwa.

Nyingi ya simu zinazofikishwa mezani kwake hazikuanza maisha Ifakara. Simu haizeeki Dar es Salaam; hushushwa cheo. Kijana wa Kariakoo akipata mpya, ya zamani humfikia mdogo wake anayesoma Morogoro, kutoka kwa mdogo humfikia mama Ifakara, na mama akipewa nyingine ile ya kwanza huvuka mto kwenda kwa mjomba Lupiro, au hupanda treni ya TAZARA hadi Mbingu, Mngeta au Mlimba. Kabla ya daraja la Kilombero la mita 384 kuzinduliwa Mei 2018, ilivuka kwa kivuko ikiwa kwenye mfuko wa shati, mahali pabaya pa kuweka simu mtu anapoinama kutazama maji. Kila mmiliki huacha alama yake: ufa wa kioo, picha za kipaimara, na nenosiri asilolikumbuka. Wimbi jingine huja na mavuno ya mpunga, fedha inapokuwa mkononi na simu iliyotumika inapoonekana rahisi kuliko ilivyo.

Umri wa simu hizi haupimwi kwa chuma chake. Samsung Galaxy S III ilitoka mwaka 2012, na kiwanda kiliifikisha Android 4.3 kikaachana nayo, ingawa kioo, spika na kitufe cha kati vilikuwa bado vinafanya kazi. Walioiendeleza ni watu wa kujitolea. Mradi wa CyanogenMod, ulioanzishwa na Steve Kondik mwaka 2009, ulikuwa ukichukua msimbo wa wazi wa Android na kuushona upya kwa ajili ya simu zilizotelekezwa; ulipovunjika Desemba 2016 mrithi wake, LineageOS, aliifikisha simu hiyo hiyo Android 7.1. Mfumo wa kupandikizwa wa namna hii, ukikubali, huiongezea simu miaka.

Tatizo ni kukubali. Katika bonde la Kilombero simu nyingi ni Tecno, itel na Infinix, majina matatu ya kampuni moja, Transsion ya Shenzhen, na mara nyingi ndani yake mna chipu za MediaTek au Spreadtrum, ambazo msimbo wake hauwafikii wanaojitolea kwa urahisi. Anayetafuta LineageOS kwa ajili ya itel ya bei ya chini iliyonunuliwa Mang'ula hutafuta bure. Kinachopatikana ni mfumo wa kiwandani ulionyonywa kutoka simu nyingine ya ukoo ule ule na kuhifadhiwa kwenye diski ya fundi, katika folda liitwalo "mpya", ambalo ndani yake mna folda liitwalo "mpya kabisa". Ukoo hutambuliwa kwa jina la toleo lililoandikwa chini ya betri. Stika ikiwa imefutika kwa jasho, na joto la Ifakara huifuta mapema, ukoo hutambuliwa kwa sura.

Sura hudanganya. Kiwanda huweza kuuza simu za jina moja zikiwa na vioo vya watengenezaji tofauti, kamera tofauti na vitambuzi tofauti vya mguso, na mfumo uliokusudiwa kwa mojawapo ukipandikizwa kwenye nyingine, simu huwaka ikiwa na kasoro yenye utaratibu wake. Iliyo maarufu ni mguso kugeuka: kidole kikigusa kushoto, kulia ndiko kunakoitika. Mwenye simu hujifunza kuandika kinyumenyume, na wapo wanaomudu kabisa, ila simu hiyo haiazimiki tena. Nyingine ni kamera kupiga picha kichwa chini, jambo linalovumilika mpaka msimu wa harusi, ndugu wa mbali wanapopokea picha na kudhani gari la maharusi limepinduka. Mbaya zaidi ni kioo kuwa cheupe tupu huku simu ikiendelea kuita. Mwenye nayo anajua anapigiwa, hajui ni nani, na hana pa kubonyeza. Ipo pia mifumo iliyonyonywa kutoka simu zilizouzwa Urusi, na hapo simu ya Kibaoni huamka ikisalimia kwa Kirusi. Kutafuta menyu ya lugha ndani ya lugha isiyojulikana ni mtihani ambao mafundi wameukariri: alama ya gia, kisha kushuka hadi herufi A au tufe la dunia, kisha kuomba Mungu.

Kupandikiza kwenyewe, ambako mafundi hukuita kuflashi, hufanyika kwa kompyuta, na kwa simu za MediaTek chombo chake ni programu iitwayo SP Flash Tool. Simu huzimwa, waya huchomekwa, kwenye kioo cha kompyuta hutembea mstari mwekundu, kisha wa njano, na mwisho hutokea alama ya kijani. Kwa maelezo ni kazi ya dakika chache. Waya ndio chanzo cha kwanza cha aibu. Nyaya nyingi za bei ya sokoni zina nyuzi mbili tu, za kupitisha chaji, na zile za data hazimo, kwa hiyo kompyuta haioni kitu. Fundi huweka draiva upya, huizima kompyuta na kuiwasha, humuuliza mteja kwa ukali kama simu iliwahi kuanguka kwenye maji, na baada ya hayo yote hubadili waya.

Chanzo cha pili ni umeme. Kidatu, kaskazini mwa bonde, kuna kituo cha kufua umeme wa maji chenye uwezo wa megawati 204. Kompyuta ya mezani ya fundi haihitaji hata kilowati moja ya hizo. Inachohitaji ni umeme usikatike mstari wa njano ukiwa katikati. Ukikatika, simu iliyoandikwa nusu haiwaki, haionyeshi chaji wala haitetemi. Baina ya mafundi simu hiyo huitwa imekufa. Mteja akifika huambiwa bado iko kwenye matibabu. Kauli ya pili iko karibu na ukweli kuliko inavyosikika, kwa kuwa chipu za MediaTek zina kipande cha msimbo wa kuanzia kilichochomwa ndani ya silikoni kiwandani, kisichofutika kwa kosa la mtu yeyote, na umeme ukirudi kazi inaweza kuanza upya kana kwamba hakuna kilichotokea. Kinachopotea ni mchana wa mteja, ambaye ametoka Kiberege kwa pikipiki na dereva anamsubiri.

Katika dirisha lile lile la kuflashi kuna chaguo la kufuta kila kitu kabla ya kuandika, na hilo ndilo lenye hasara ndefu, kwa sababu miongoni mwa vinavyofutwa imo IMEI, namba ya tarakimu 15 inayoitambulisha simu kwenye mtandao. Simu iliyopoteza IMEI huwaka vizuri, huweka programu, hupiga muziki, ila haipati mnara. Tanzania namba hii ina historia yake. Mwaka 2016 Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania, TCRA, iliwataka watu kwa miezi kadhaa wabonyeze *#06# na kutuma tarakimu zitakazotokea kwenda 15090 ili wajue kama simu zao ni halisi, na tarehe 16 Juni simu bandia zikazimwa. Waliodhani ni vitisho waliamka na saa ya mkononi isiyovaliwa. Sheria ya Mawasiliano ya Kielektroniki na Posta ya mwaka 2010 inakataza kuchezea namba hiyo, kwa hiyo fundi mwangalifu huirudishia simu namba yake yenyewe, ile ya kwenye stika. Fundi asiye mwangalifu husoma stika ya simu nyingine iliyolala mezani, na tangu siku hiyo familia mbili zisizojuana huishi kwa kitambulisho kimoja.

Simu ikishawaka huuliza barua pepe, na hapa ndipo mahali penye visa vingi kuliko pote. Tangu Android 5.1 ya mwaka 2015, simu inayofutwa data bila akaunti ya Google kuondolewa kwanza hujifunga mpaka itajiwe akaunti iliyokuwa ikitumika. Kinga hiyo iliwekwa dhidi ya wezi, na walioibuni hawakufikiria namna akaunti zinavyozaliwa katika duka la simu. Mama aliyenunua simu hakuwa na barua pepe wala haja nayo. Muuzaji, kwa wema, alimfungulia pale pale, kwa jina alilolisikia vibaya, kwa tarehe ya kuzaliwa aliyoibuni, na kwa nenosiri aliloliona rahisi kulikumbuka. Alilikumbuka mpaka jioni.

Miaka mitatu baadaye nenosiri hilo hutafutwa hadharani, mezani kwa fundi, mbele ya wateja wengine. Hujaribiwa jina la mtoto wa kwanza, halafu la mtoto wa mwisho, halafu namba ya simu, halafu namba ya simu ya muuzaji. Mashuhuda husaidia; yupo ambaye hana simu pale wala shida na mtu, lakini ana maoni kuhusu herufi kubwa. Google hujitolea kutuma namba ya uthibitisho, na huituma kwenye simu ile ile iliyofungwa. Tarehe ya kubuni nayo hurudi kudai haki yake: akaunti iliyoandikiwa mwaka wa kuzaliwa wa juzijuzi inaweza kumtaka mama wa watoto wanne apate kwanza idhini ya mzazi. Njia za kuikwepa kinga hiyo zipo na mafundi wanazijua. Karibu zote huanza na kibodi, hupitia kwenye menyu ya msaada, na huishia ndani ya kivinjari mahali ambapo mtengenezaji hakutegemea mtu afike. Mwizi wa kweli, ambaye kinga iliwekwa kwa ajili yake, huijua njia hiyo vizuri kuliko mama.

Tarehe ya simu yenyewe ina vituko vyake. Simu kongwe iliyotolewa betri husahau leo ni lini, na ikiwaka hurudi Januari mosi ya mwaka uliochaguliwa na kiwanda, au mwaka 1970, mwanzo wa hesabu ya muda kwa kompyuta za ukoo wa Unix. Kosa hilo haliishii kwenye saa. Kila seva hujitambulisha kwa cheti chenye siku ya kuanza na siku ya kuisha, na simu inayoamini kwamba Nyerere bado ni Rais huviona vyeti vyote kuwa vya wakati ujao, ikavikataa. Mwenye simu huona intaneti imegoma, hununua bando, huona bado imegoma, hununua bando la mtandao mwingine.

Hata tarehe ikirekebishwa, simu hizi zina orodha ya watoa vyeti iliyofungwa tangu zilipotoka kiwandani. Tarehe 30 Septemba 2021 cheti cha msingi kilichokuwa kikiwadhamini wanaotumia Let's Encrypt, mtoaji anayehudumia tovuti nyingi mno, kiliisha muda wake, na simu za chini ya Android 7.1.1 hazikumjua mrithi. Zilipaswa kutengwa siku hiyo hiyo. Ziliokolewa na tabia yao moja: Android haikagui siku ya kuisha ya vyeti vya msingi vilivyomo kwenye orodha yake. Wahandisi waliijengea tabia hiyo mpango rasmi wa mpito uliodumu hadi mwaka 2024, na kwa muda huo simu kongwe duniani kote ziliendelea kuingia mtandaoni kwa sababu hazikusoma tarehe.

Mafundi nao hutumia tarehe kwa makusudi. Toleo la zamani la WhatsApp huja na siku yake ya kufa. Likifika hapo hukataa kufunguka na kudai jipya, na jipya halikubali mfumo wa zamani. Dawa ya kienyeji ni kuirudisha simu nyuma mwaka mmoja au miwili, na kwa kipindi fulani dawa hiyo ilishika. Mwenye simu aliishi katika mwaka wake peke yake, kengele ya kuamsha ikilia siku isiyo yake na ujumbe wa leo ukipangwa chini ya ule wa mwaka juzi, mpaka seva za WhatsApp zilipokataa mchezo.

Duka la Google halisaidii sana. Tangu 27 Septemba 2021 simu za Android 2.3.7 kurudi nyuma haziwezi kuingia kwenye akaunti ya Google, na mwaka 2023 Google iliacha kusasisha huduma zake za Play kwa Android 4.4. WhatsApp nayo ilitangaza kwamba kuanzia 24 Oktoba 2023 itahudumia Android 5.0 na kuendelea. Hubaki njia ya mkono kwa mkono. Mtu haombi APK. Husema "nirushie", na faili huruka kwa Xender au Bluetooth kutoka simu moja hadi nyingine bila kula hata MB moja ya bando. Ni njia nzuri, na ingekuwa bora zaidi kama kinachorushwa kingekuwa kizima. Tangu Agosti 2021 programu mpya zinazopelekwa Google Play huwekwa katika muundo ambao duka hulikata fungu vipande kulingana na simu ya mpokeaji: kipande cha msingi, cha lugha, cha ukubwa wa kioo, cha aina ya chipu. Anayerusha mara nyingi hurusha cha msingi peke yake. Programu huwekwa, alama yake hutokea, ikiguswa hujifunga papo hapo. Mrushaji huapa kwamba kwake inafanya kazi, na anasema kweli. Vipo pia vifurushi vya XAPK, vilivyokusanya vipande vyote pamoja, ambavyo simu haivitambui kabisa mpaka iwekewe kwanza programu nyingine ya kuvifungua. Nayo hiyo huja kwa APK.

Nafasi ni habari ndefu. Simu iliyoandikwa GB 4 huwa imekwisha kuligawia mfumo wake fungu kubwa kabla mwenye nayo hajapiga picha ya kwanza, na kifurushi cha MB 60 kikishafunguliwa hudai zaidi ya ukubwa huo. Memori kadi haiokoi sana. Kadi yenyewe huenda ikaandikwa GB 64 na ndani ikawa na GB 4, ikiwa imefundishwa kusema uongo: hupokea kila faili kwa ukarimu na kuandika jipya juu ya la zamani, na siri hutoka siku mtu anapotafuta picha za ubatizo akakuta nusu ya uso na mistari ya kijivu.

Hivyo lazima kufuta, na kufuta kuna itifaki. Hutangulia programu zilizokuja na simu ambazo hakuna aliyeziomba; hizo hazifutiki. Hufuata picha za maua zenye maneno ya kutakia watu asubuhi njema, na hapo mwenye simu huanza kusita, kwa kuwa baadhi zilitumwa na padri. Nyimbo za kwaya hazifutwi. Video ya mazishi ya babu, MB 300, ambayo hakuna aliyewahi kuitazama hadi mwisho, haifutwi, na fundi mwenye adabu hapendekezi. Mara nyingi kinachotolewa kafara ni faili lenye jina la ajabu ambalo hakuna anayelijua, na baada ya kulifuta simu hukaa kwenye logo ikijiwasha na kujizima, kazi ikaanza tena kwenye mstari mwekundu.

Sahihi ndiyo hapana isiyopatana na mtu. Android haikubali toleo jipya la programu kukalia la zamani kama sahihi zao hazifanani, na kinga hiyo ni ya maana. Wapo hata hivyo wanaozitengeneza upya WhatsApp za kienyeji, GBWhatsApp ikiwa mashuhuri kuliko zote, kwa wale wanaotaka kusoma ujumbe uliofutwa au kuonekana hawapo wakiwa wapo. Baadhi ya matoleo hayo huchukua jina lile lile la ndani la WhatsApp halisi lakini sahihi haiwezi kuchukuliwa, kwa hiyo ili moja iingie nyingine lazima itoke, na ikitoka huondoka na mazungumzo. Ikishaingia, WhatsApp hutuma namba ya uthibitisho kwa ujumbe mfupi. Laini iliyosajiliwa, kwa desturi za bonde, haimo kwenye simu hiyo. Imo kwenye kitochi, ile simu ndogo ya vitufe, na kitochi kiko shambani na baba, anayefukuza ndege kwenye mpunga ng'ambo ya mto mahali ambapo mnara hupatikana kwa kupanda kichuguu. Namba ya uthibitisho haimsubiri ashuke.

Kifurushi kilichokubali bila ubishi nacho si cha kuaminiwa moja kwa moja. Kabla ya Android 6.0 ya mwaka 2015, programu iliomba ruhusa zote kwa mkupuo siku ya kuwekwa: kukubali zote au kuacha. Wengi walikubali zote, bila kusoma, na simu kongwe bado ziko katika utaratibu huo. Programu ya mikopo ya papo hapo iliyorushwa na rafiki hupata kwa kitufe kimoja orodha nzima ya majina, na mkopaji akichelewa, wa kwanza kuarifiwa si yeye. Ni mkwe wake, fundi wake wa nguo na mwenyekiti wa kitongoji. Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilitaja hadharani majukwaa na programu 69 za mikopo ya kidijitali zisizo na leseni yake.

Programu za benki husimama upande wa pili kabisa: haziamini simu yoyote. Zikigundua kwamba mfumo si wa kiwandani, au kwamba simu imerutiwa, yaani kufuli za ndani za mfumo zimevunjwa, hujifunga kwa ujumbe wa heshima kuhusu usalama wa mteja. Kwa bonde hili hasara si kubwa. Fedha ya mpunga hupita kwa *150*00# na namba za aina hiyo, ambazo tangu M-Pesa ilipoingia Tanzania mwaka 2008 hazijawahi kuuliza toleo la Android, na ambazo kitochi cha baba kule shambani huzipiga vizuri kuliko simu ya kioo.

Kwa hiyo kazi yote hii, kuanzia waya hadi sahihi, kwa kawaida hufanywa kwa ajili ya WhatsApp pekee. Ikishafunguka, ujumbe wa wiki zote simu ilipokuwa mezani huingia kwa pamoja na kuifanya igande tena kwa muda. Sehemu kubwa hutoka kwenye magrupu ya kamati za harusi na misiba, na kiini chake ni orodha ya waliochanga na wasiochanga. Kuna wenye simu ambao, baada ya kujiona kwenye orodha ya pili, huuliza kama fundi anaweza kuirudisha ilivyokuwa.

Ikishindikana kabisa, simu huuzwa kwa ajili ya spea: kioo chake huenda kwa simu nyingine ya ukoo huo, betri kama haijavimba huenda kwa tochi, na mfumo wake hunyonywa na kuingia folda la "mpya kabisa". Iliyopoteza mnara tu hubaki nyumbani ikiwa redio, ingawa haishiki stesheni mpaka ichomekwe waya wa spika za masikio, unaoiwekea antena. Ifakara simu za kawaida zimewahi kupewa kazi moja zaidi. Katika mradi wa HumBug, watafiti wa Chuo Kikuu cha Oxford na Taasisi ya Afya Ifakara walitumia simu za bei nafuu kusikiliza mbu: simu yenye programu ya MozzWear iliwekwa kwenye chandarua kilichoshonwa kwa ajili hiyo, ikarekodi usiku milio ya mabawa, na kompyuta ikachambua sauti hizo ili kutambua mbu na aina zake. Mkusanyiko wa rekodi za mbu wa mradi huo, HumBugDB, ulitolewa mwaka 2021. Simu ya kazi hiyo haihitaji WhatsApp, wala kioo kisicho na ufa, wala mguso unaofuata upande wake, na wa kurekodiwa hawaadimiki Ifakara. Tarehe tu ndiyo lazima iwe sahihi.